Kikao kimekwisha, kazi haijafanyika: mwongozo kamili wa kuongoza kikundi kwa bamvu na maji mafu

Swali hili naulizwa kila nikipita vijiji vya pwani ya Tanga, kuanzia Moa kule Mkinga hadi Kigombe: "Tunakutana, tunakubaliana vizuri, watu wanacheka na kupeana mikono, kisha hakuna kinachofanyika. Tumekosea wapi?" Wengi wanaouliza ni viongozi wa vikundi vya mwani. Lakini hata mwenye karakana ya baiskeli Ngamiani aliwahi kunieleza jambo hilo hilo kwa maneno yale yale.

Nimekuwa katibu wa kikundi cha mwani kwa miaka 6, na nimeona kazi nyingi zikifia mdomoni. Ninachokijua ni hiki: kazi iwe na mtu mmoja, siku moja na alama inayoonekana kwa macho, na kiongozi apite kabla ya siku hiyo, si baada yake. Mwongozo mzima ni namna ya kulifanya jambo hilo bila kuvunjiana heshima. Mifano ni ya mwani kwa sababu ndiyo kazi ninayoijua. Kama wewe ni wa ushonaji, maziwa au karakana, pale ninaposema bamvu, yaani siku za maji makubwa ya bahari zinazorudi kila wiki mbili hivi, weka wiki mbili.

## Vitu vya kuwa navyo kwanza

- Kaunta buku moja, si madaftari matatu ya watu watatu.
- Kalamu mbili, ya bluu na nyekundu.
- Kalenda ya ukutani yenye tarehe za mwezi mwandamo.
- Karatasi la manila na mahali pa kulibandika ambapo kila mwanachama hupita.
- Mizani ya kuning'iniza.
- Sanduku la fedha lenye kufuli tatu, funguo kwa watu watatu wasiokaa nyumba moja.
- Katiba ya kikundi. Kama mnayo lakini hakuna aliyeisoma tangu siku ya usajili, isomeni kwa sauti kabla ya kuanza.

Msianze kabla ya kuwa na kaunta buku na kalenda. Vingine vinaweza kuja baadaye.

## Hatua ya 1: Funga ratiba yenu kwenye maji

Kosa la kwanza ni kuweka kikao "kila Jumamosi". Bahari haijui Jumamosi. Siku za bamvu, karibu na mwezi mwandamo na mwezi mpevu, maji hupwa sana, na kwetu hupwa kati ya saa tatu na saa tano asubuhi. Hizo ndizo saa ambazo mkulima wa mwani lazima awe shambani. Ukiitisha kikao siku hiyo, waliokuja wana haraka ya kuondoka, na wasiokuja wana haki.

Chukua kalenda. Zungushia bluu siku za bamvu, kisha zungushia nyekundu siku moja ya maji mafu katikati, pale maji yasipopwa wala kujaa sana, karibu na tarehe 8 na tarehe 23 za mwezi mwandamo. Nyekundu ndiyo siku ya kikao, baada ya swala ya alasiri, jua likiwa limepoa.

Sababu ya pili ni ya mavuno. Mwani wetu huvunwa baada ya wiki 6 hivi, yaani bamvu tatu. Kwa hiyo kila zao moja lina vikao vitatu: cha kupanda, cha kutunza na cha kuvuna. Nafasi za kurekebisha mambo ni tatu tu, na watu wakilijua hilo hukaa kikaoni kwa namna nyingine kabisa.

Utajua umefaulu: ukimuuliza mwanachama yeyote njiani kikao kijacho ni lini, anajibu bila kukuuliza wewe.

## Hatua ya 2: Andika mavuno, usiandike jitihada

"Kuongeza uzalishaji" si lengo, ni dua. Andika kitu kinachohesabika, chenye tarehe.

Tuseme mko wanachama 14, kila mmoja ana kamba 50 za kupandia mwani. Hizo ni kamba 700. Chukueni kamba 10 za zao lililopita, kaushieni mwani wake peke yake na kuupima. Mkipata wastani wa nusu kilo ya mwani mkavu kwa kamba, zao lijalo litawapa kilo 350. Hiyo ndiyo namba ya kuandika juu kabisa ya karatasi la manila, pamoja na tarehe ya kupima.

Msiandike 500 kwa sababu inapendeza. Watu wazima wakiona namba ambayo mioyo yao inajua haifikiki, huacha kuitazama karatasi. Na msinakili namba ya kikundi cha kijiji jirani: mchanga wao, mkondo wao na samaki tasi wanaokula mwani wao si wenu.

Zao moja, lengo moja.

## Hatua ya 3: Vunja lengo liwe kazi zinazoweza kupigwa picha

Hii ndiyo hatua inayorukwa zaidi. Soma kaunta buku za vikundi vingi utakuta: "Kamba zishughulikiwe." "Suala la mbegu liangaliwe." "Ufuatiliaji ufanyike." Maneno hayo hayana mwisho. Mtu anaweza kuangalia suala la mbegu mwaka mzima na asiwe mwongo.

Kipimo changu ni picha. Jiulize: kazi hii ikimalizika, naweza kusimama pale na simu nikaipiga picha? Kama huwezi, kazi bado haijaandikwa. Badala ya "kamba zishughulikiwe", andika: "Kamba 60 zimefungwa taitai, zimekunjwa kumi kumi, zipo barazani kwa mhazini." (Taitai ni vijikamba vya kufungia mbegu kwenye kamba, na mbegu ni vipande vya mwani vya kupandia.) Mwenye kusoma anaona kamba. Hakuna ubishi kama zimekwisha au la.

Kazi isiyoweza kumalizika ndani ya bamvu moja ikateni vipande. Chanja ya kukaushia, kwa mfano: bamvu hili miti imekatwa na ipo, bamvu lijalo chanja imesimama.

Onyo: msiandike kazi zaidi ya saba kwa kipindi kimoja. Nimejaribu kumi na mbili. Zilitimia nne, na si zile nne za muhimu.

## Hatua ya 4: Jina moja mbele ya kila kazi

Hapa nitakaa kidogo, maana hapa ndipo tulipoumia.

Mwaka mmoja, kabla ya masika, kikao chetu kilikubaliana turubai la kufunikia mwani linunuliwe. Fedha ilikuwepo. Hakuna aliyepinga. Mvua ya kwanza ilipiga usiku, na asubuhi tulikuta viroba 9 vya mwani uliokuwa chanjani umelowa maji ya mvua, umepauka, unateleza mkononi. Mnunuzi aliugusa mara moja akageuka. Nikauliza, "Turubai lilikuwa la nani kununua?" Watu saba wakanijibu kwa pamoja: "Si tulikubaliana?" Na kweli tulikubaliana. Mwandishi wa neno "linunuliwe" nilikuwa mimi. Nililiandika kwa mkono wangu bila kuweka mbele yake jina la mtu.

Tangu hapo, kwenye kaunta buku yetu hakuna kitenzi kisicho na mwenyewe. Si "linunuliwe" bali "fulani atanunua". Na jina ni moja, hata kama kazi inafanywa na watu sita. Hao sita ni wasaidizi. Mwenye kujibu ni mmoja. Majina mawili ni sawa na kutokuwa na jina, kwa sababu kila mmoja humtegea mwenzake kwa nia njema kabisa.

Viongozi vijana huniambia: "Nitampangiaje kazi mtu aliye rika la mama yangu?" Humpangii. Unamwomba, unamweleza, kisha unamsikiliza akikueleza yeye. Mazungumzo niliyofanya baada ya lile janga la viroba yalikwenda hivi:

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba, mwanangu."

"Nimekuja na ombi la kikundi. Tunataka turubai liwe nyumbani kwa mhazini ifikapo Jumanne magharibi. Nakuomba wewe ulisimamie."

"Haya, inshallah."

"Inshallah, shangazi. Pesa mhazini atakupa leo. Mjini utakwenda siku gani?"

"Jumatatu, nampeleka mjukuu kliniki. Nikitoka hapo nitapita Barabara ya 12."

"Na likikosekana?"

"Nitakupigia palepale dukani, tuangalie la aina nyingine."

Tazama kilichotokea. Sikumwambia aende Jumatatu. Amepanga mwenyewe, na kliniki ya mjukuu itamkumbusha kuliko simu yangu. Neno inshallah nimelipokea kama linavyostahili kupokelewa, kisha nikauliza siku. Viongozi wengi huishia kwenye inshallah, wakaja kulilaumu neno, ilhali wao ndio hawakuuliza swali la pili.

Maswali ya kuuliza kila unapokabidhi kazi ni haya: Utaanza na nini? Siku gani? Ikikwama utamwambia nani? Mwenye kazi ajibu kwa maneno yake mwenyewe. Akirudia tu maneno yako, bado hajaipokea.

Utajua umefaulu: mwenye kazi anataja kikwazo ambacho wewe hukukifikiria. Huyo ameshaanza kuifanya kichwani.

## Hatua ya 5: Kikao cha dakika 40

Kaeni pale ambapo karatasi la manila linaonekana. Mwenyekiti afungue kwa dua, kisha utaratibu usibadilike:

Kwanza, katibu anasoma kazi za kipindi kilichopita moja moja. Mwenye kazi anajibu "imekwisha" au "bado". Ikiwa imekwisha, katibu anaitia alama ya bluu na watu wanampongeza kwa jina. Ikiwa bado, kuna swali moja tu: imekwamia wapi? Asiulizwe "kwa nini hukufanya". Swali la kwa nini humfanya mtu ajitetee. Swali la wapi humfanya aonyeshe mahali, na mahali panaweza kwenda kutengenezwa.

Pili, mtazamo wa lengo: kamba ngapi zipo majini, ngapi zimekatika, mwani una hali gani. Dakika kumi.

Tatu, kazi mpya, zisizozidi saba, kila moja na jina na siku. Katibu azisome zote kwa sauti kabla watu hawajanyanyuka. Usomaji huu wa mwisho umetuokoa mara nyingi. Mtu husikia jina lake akasema, "Ah, hiyo siku nina shughuli Muheza," na tunabadilisha palepale.

Michango ya msiba na harusi iwe ya mwisho. Si kwamba ni midogo, la hasha. Inagusa mioyo, na ikianza mwanzoni hakuna anayerudi kwenye kamba. Anayetaka kuizungumza kwa kina abaki. Anayetaka kuwahi kupika aondoke bila kukosa kitu cha kazi.

## Hatua ya 6: Pita kabla ya siku, si baada

Kazi ikiwa ya Jumanne, pita Jumamosi. Ukipita Jumatano unakwenda kugombana tu, kwani maji yakimwagika hayazoleki. Ukipita Jumamosi bado kuna siku tatu za kuokoa jambo.

Nenda kwa miguu, usipige simu kama nyumba iko karibu. Kwenye simu mtu husema "niko nayo". Ukifika barazani unaziona kamba 20 badala ya 60, na unaona pia mtoto mgonjwa amelala mkekani. Usimuulize "umefanya?" Macho yako yameshajibu. Muulize, "Kimebaki nini nikusaidie?" Wakati mwingine jibu ni taitai zimekwisha, na wewe unajua nani anazo. Wakati mwingine jibu ni kimya. Hapo kaa, funga kamba mbili tatu pamoja naye. Mengi niliyoyajua kuhusu kikundi changu niliyasikia nikiwa nafunga kamba kwenye baraza ya mtu.

Kiongozi anayesema hana muda wa kupita, nami namwelewa. Basi apunguze kazi ziwe nne, apitie nne.

## Hatua ya 7: Kilo na fedha zihesabiwe mbele ya watu

Matokeo yote ya hatua zilizotangulia yanaweza kubomolewa na siku moja ya kupima yenye shaka.

Mizani ining'inizwe mahali pa wazi. Kabla ya kuanza, pimeni kitu ambacho uzito wake unajulikana, kwa mfano pakiti mbili za sukari za kilo moja, kila mtu aone sindano. Mmoja anasoma kwa sauti, wawili wanaandika katika karatasi tofauti, mwishoni karatasi zinalinganishwa. Mwanachama aondoke na namba yake ikiwa imeandikwa.

Mwenye kuandika fedha asiwe mwenye kuzishika. Si suala la kumshuku mhazini, unamlinda. Siku fedha zikipungua, mhazini aliyeshika vyote viwili, fedha na daftari, hana shahidi hata kama ni mwaminifu kama maji. Sanduku lifunguliwe watu watatu wa funguo wakiwepo, na salio lisomwe kila kikao, hata kama halijabadilika.

Hesabu hizi zina faida nyingine. Halmashauri hutenga asilimia 10 ya mapato yake ya ndani kwa mikopo isiyo na riba: 4 kwa wanawake, 4 kwa vijana na 2 kwa watu wenye ulemavu. Afisa Maendeleo ya Jamii wa kata ndiye wa kuanza naye. Kikundi chenye kaunta buku ya mazao matatu, kilo kwa kilo, kina cha kumwonyesha.

## Hatua ya 8: Aliyeshindwa, msikilize kwanza faraghani

Kulikuwa na mama mmoja niliyemkabidhi kuandika kilo. Bamvu mbili mfululizo ukurasa wake ulibaki mweupe. Nilimsema mbele ya watu 20. Alikaa kimya, akikunja pindo la kanga yake na kulikunjua, akikunja na kulikunjua. Jioni binti yake alinifuata njiani: "Mama hawezi kuzisoma namba za mizani ile. Aliona haya kusema."

Usiku ule sikulala vizuri. Asubuhi nilikwenda kwake kumwomba radhi, na kikao kilichofuata nikamwomba radhi tena mbele ya walewale niliomsemea mbele yao. Kisha tukampa kazi ya kuchagua mbegu, maana hakuna aliyemzidi kwa kuutambua mwani wenye afya kwa kuugusa tu. Zao lile mbegu zetu hazikukatika ovyo.

Kwa hiyo kabla ya neno lolote la hadharani, nenda peke yako, ukajue ni lipi kati ya haya manne.

Hajui. Mwonyeshe, ufanye naye mara ya kwanza.

Hana nyenzo au nafasi. Mpe, au ipunguze kazi.

Amezidiwa na ya nyumbani. Mpumzishe bamvu moja, kazi apewe mwingine kwa jina na ibadilishwe kwenye kaunta buku.

Hataki. Huyu ndiye pekee anayehitaji katiba. Mweleze faraghani, kisha mbele ya viongozi watatu, kisha kikao kiamue kama katiba inavyosema.

Kiongozi mwenye hasira huanza na la nne. Kwa niliyoyaona, wengi walikuwa katika matatu ya kwanza.

Faini zinafaa kwa kuchelewa kikao, ziwe ndogo na ziwe sawa kwa wote, mwenyekiti akiwemo. Hazifai kwa kazi iliyoshindikana: mtu asiyejua kusoma mizani huwezi kumtoza mpaka ajue.

Kama mmeajiri mtu kwa mshahara, mlinzi au mkaushaji, huyo si mwanachama wa kutolewa kwa kura. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya mwaka 2004 inataka masharti ya kazi yake yawe kwa maandishi, saa za kawaida zisizidi 45 kwa wiki na 9 kwa siku, muda wa ziada ulipwe mara moja na nusu, na likizo ya mwaka iwe siku 28. Mkimwachisha bila sababu ya haki wala utaratibu, anaweza kuwapeleka Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Yaandikeni siku anapoanza, si siku mnapogombana.

## Hatua ya 9: Ondoka bamvu moja

Baada ya mazao mawili, jaribu kutokuwepo. Nenda kamsalimie ndugu Lushoto au Pangani, kipindi kizima cha bamvu moja na kikao chake. Mkabidhi mtu kaunta buku wiki moja kabla, akae nayo nawe ukiwepo, aulize maswali. Usimkabidhi usiku wa kuamkia safari.

Ukiwa huko, usipige simu kuulizia kamba. Najua ni vigumu. Ukipiga, watu watasubiri simu yako, na hutajua kama kikundi kinasimama.

Ukirudi, usianze kwa kuwauliza watu. Pita kwa mhazini, omba kaunta buku, keti uisome. Tafuta mambo matatu: kila kazi ina jina? Kuna alama za bluu? Kuna kazi iliyobadilishwa mwenyewe au siku kwa sababu iliyoandikwa? Hilo la tatu ndilo ninalolitafuta kwa hamu zaidi, maana linaonyesha kuwa mtu alipita barazani kwa mwenzake kabla siku haijafika.

Ukikuta ukurasa mweupe, usimlaumu uliyemwachia. Rudi naye hatua ya 4, mkae mkabidhiane kazi moja moja, na kipindi kijacho afanye yeye, wewe ukae pembeni yake.